Nilicheka nao Aprili mosi, sasa wanataka nimwandikie mwenzangu barua ya uongo

BARUA

Shikamoo Shangazi,

Pole na kazi ya kusoma matatizo yetu. Langu huenda ukaliona dogo, maana halihusu ndoa wala urithi. Linahusu Siku ya Wajinga.

Nafanya kazi kwenye ofisi ya watu wachache. Kila tarehe 1 Aprili lazima mmoja wetu apigwe, ndivyo wenyewe wanavyosema. Zamani yalikuwa mambo ya kuchekesha tu. Mtu anakuta kipanya cha kompyuta yake kimebandikwa karatasi kwa chini, anahangaika nacho asubuhi nzima. Mwingine anakuta ujumbe kwamba Bwana Simba anamtafuta, apige namba hii haraka; anapiga, kumbe ni bustani ya wanyama. Mpangaji mkuu ni kaka mmoja, nimwite Kaka M. Ndiye mkongwe wa ofisi, mcheshi, hana kinyongo, kila mtu anampenda. Mimi pia nampenda. Nilipofiwa na baba nikiwa bado mgeni pale, ni yeye aliyebeba kazi zangu zote mpaka niliporudi, na hajawahi kunikumbusha.

Mwaka jana nilipigwa mimi. Nilikuta mezani bahasha ya kaki yenye jina langu kamili. Ndani mna barua yenye nembo ya kampuni, kumbukumbu namba, na kichwa cha herufi kubwa kilichopigiwa mstari: "YAH: KUPANDISHWA CHEO". Chini kuna saini ya meneja, na chini zaidi maandishi madogo: "Tafadhali geuza." Sikugeuza. Barua kama ile nani anakumbuka kuigeuza? Nafasi hiyo nilikuwa nimeiomba kweli, na wote walijua. Nilitoka hadi kwenye ngazi nikampigia mama.

Mama alipiga kelele. Akaanza kuomba dua kwa sauti huku akimwita mdogo wangu aje asikie. Niliporudi ndani niliwakuta wamesimama wote, simu zimeinuliwa, na Kaka M ananiambia, "Geuza, mdogo wangu, geuza." Nyuma ya karatasi kumeandikwa kwa kalamu nene: "Leo tarehe ngapi?"

Nilicheka, Shangazi. Nilicheka mpaka nikashika meza. Video ipo kwenye kundi letu la WhatsApp, na ukiitazama utasema huyu dada kafurahi kuliko wote. Hakuna anayejua kwamba nilikuwa nimeshapiga simu.

Mama nikasema nitamwambia jioni. Kufika jioni, mama mdogo na wajomba walikuwa wameshanipigia kunipongeza. Nikasema kesho. Ikaenda hivyo hivyo, na mpaka leo mama anajua binti yake ni mkuu wa kitengo. Na kwa kuwa mkuu wa kitengo ana mshahara mkubwa, nimeongeza ninachomtumia kila mwezi ili asishtuke. Nimeshaingia kwenye mkopo kwa ajili hiyo.

Sasa Aprili inakaribia tena. Tuna kijana mgeni, yuko kwenye kipindi cha majaribio, na kuthibitishwa kazini ndiyo habari yake ya asubuhi na jioni. Kaka M ameshapanga: kijana apewe barua ya kuthibitishwa kabla ya muda. Mwandishi niwe mimi, kwa sababu barua rasmi zote pale zinapita mikononi mwangu na kwa sababu, nanukuu, "wewe ulishaonja, unajua utamu wake." Nilipositasita akasema habari njema haimwumizi mtu, wabaya ni wale wanaotania misiba na magonjwa. Akaongeza kwamba hata BBC mwaka 1957 ilionyesha watu wakivuna spageti mtini, na dunia haikuanguka.

Nikikataa, wataniuliza mbona mwaka jana ulicheka. Nikikubali, namfanyia mwenzangu kitu ambacho mimi mwenyewe bado sijakimaliza. Nikimnong'oneza kijana, nimekuwa msaliti. Nikienda kwa meneja, nimemchongea mtu aliyenibeba nikiwa msibani. Tena nikwambie ukweli wote: barua nimeshaanza kuiandika. Aya mbili. Na imetoka vizuri.

Labda tatizo ni mimi, sina utani. Nifanyeje?

Mpandishwa Cheo

JIBU

Marahaba, mwanangu. Nilipofika pale unaporudi ndani na kukuta simu zimeinuliwa, niliacha kusoma kwa muda. Hapana, si dogo. Unatumia hela za mkopo kulipia mzaha uliobuniwa na watu wengine, na wenyewe wameshausahau.

Umeniuliza uiandike barua ya kijana au usiiandike. Ninavyokusoma, bahasha yako ina mambo mawili. La kijana lina tarehe, na zimebaki wiki chache. La mama halina tarehe, na ndilo linalokula mshahara wako. Sidhani kama la kwanza lingekutesa hivi kama la pili lingekuwa limekwisha. Unaombwa umtanie mwenzako wakati wewe hujamaliza kutaniwa.

Nianze na lile la mwisho, kwamba huna utani. Rudia kusoma barua yako. Kisa cha Bwana Simba umekisimulia kwa raha, nami nimecheka peke yangu kama mwehu. Mtu asiye na utani hasimulii hivyo. Mimi mwenyewe siku hii naipenda, nisijifanye mtakatifu. Nilishawahi kumfanya mtu mzima na heshima zake azungumze na chombo cha kuzimia moto akiamini kina kipaza sauti. Kwa hiyo hilo la utani tuliweke pembeni, tuuangalie mzaha wenyewe.

Kaka M ametaja mfano mzuri sana. Sijui kama ameutazama mpaka mwisho. Ile tarehe 1 Aprili 1957, kipindi cha Panorama cha BBC kilionyesha familia moja kusini mwa Uswisi ikichuma nyuzi za spageti kwenye matawi na kuzianika juani. Msimulizi alikuwa Richard Dimbleby, mtangazaji wa kuheshimika ambaye watu hawakutegemea utani kutoka kwake, na alieleza kwa sauti yake ileile ya siku zote kwamba mavuno yamekuwa mazuri. Wapo waliopiga simu kuuliza mti huo unapandwaje. Wakajibiwa waweke kijiti cha spageti kwenye kopo la sosi ya nyanya na waombe heri.

Sasa jiulize nani aliumia pale. Watazamaji walidanganywa wote kwa pamoja, hakuna aliyetolewa mbele peke yake huku wengine wakimtazama. Aliyeamini alipoteza nini? Labda alichekwa na mkewe. Na hakuna hata mmoja kati yao aliyekuwa ameandika barua ya kuomba mti wa spageti, akaupigia magoti, akausubiri. Wewe ile nafasi ulikuwa umeiomba. Ufundi wa barua yako ya mwaka jana, mwanangu, ulikuwa mdogo. Nembo na saini mtu yeyote huweka. Kilichoufanya mzaha ule ushike ni hamu yako, na hamu hiyo waliijua. Kwa kijana ni hivyo hivyo. Wamemchagulia kuthibitishwa kwa sababu ndiyo habari yake ya asubuhi na jioni.

Kisha kuna hili la habari njema haimwumizi mtu. Naelewa anakotoka. Ameona watu wanaotania vifo na mimba, akajiwekea mpaka, na huo mpaka ni dalili ya mtu mwenye moyo. Lakini tuupime. Ukimwambia mtu kwa utani kwamba amefukuzwa kazi, atatetemeka, kisha utamwambia ni Aprili mosi, atakutukana na kupumua. Anaondoka na kazi yake. Ukimwambia kwa utani kwamba amepanda cheo, atafurahi, kisha utamnyang'anya. Kwa hesabu kavu hakupoteza kitu, kwani cheo hakuwa nacho. Kwa hesabu ya moyo, kwa dakika kadhaa alikuwa nacho.

Tena habari mbaya humkalisha mtu kitini. Habari njema humnyanyua na kumpeleka kwenye simu. Wewe ulifika kwenye ngazi kabla hata hujaigeuza karatasi. Kijana naye ana simu, na bila shaka ana mtu wake anayesubiri kusikia.

Hapo hapo nikuombe tahadhari, maana nami naweza kukupeleka kombo. Huenda kijana si kama wewe. Huenda ni mwepesi wa kunusa mambo, ataigeuza karatasi kabla ya kuisoma na kuwacheka ninyi. Huenda hana mama wa kumpigia, au anaye lakini hana tabia ya kupiga. Maumivu unayoyaona usoni kwake kabla hayajatokea ni ya kwako, umemkopesha. Hujui itakuwaje kwake, na Kaka M pia hajui. Mnachokijua wote wawili ni nafasi yake pale ofisini.

Na nafasi hiyo ina uzito. Maelezo ya kale kabisa yanayofahamika wazi ya mizaha ya siku hii yamo kwenye shairi la Kiflandria la mwaka 1561. Bwana mmoja anamtuma mtumishi wake huku na huko kwa safari za kipuuzi tarehe 1 Aprili, na mtumishi kila mara anasema anahofu kwamba anachezewa. Anahofu, ila anatumwa. Nimekitaja kisa hicho kwa sababu mtu aliye kwenye majaribio hawezi kuwageukia wakubwa wake na kusema mzaha huu sikuupenda, wakati haohao kesho wataulizwa kama anafaa kubaki. Atacheka. Atacheka mpaka ashike meza. Kicheko chake hakitakwambia lolote, na wewe kuliko mtu mwingine yeyote pale unalijua hilo. Linganisha na Ufaransa, ambako siku hiyo watoto hukata samaki wa karatasi na kumbandika mtu mgongoni bila yeye kujua, hata mwalimu wao. Mdogo anamtania mkubwa, mkubwa anatembea na samaki wake mpaka mtu amhurumie.

Hapa ndipo nakuja kwenye neno unaloliogopa: "mbona mwaka jana ulicheka?" Umeliandika kama vile kicheko kile kilikuwa sahihi kwenye mkataba. Mtu hucheka kwa furaha, hucheka kwa aibu, hucheka kwa mshtuko, na hucheka kwa sababu watu wote chumbani wanamtazama na wanasubiri acheke. Wakikuuliza unaweza kuwajibu kwa kifupi tu: "Nilicheka kwa sababu mlikuwa mmesimama wote." Hujamtukana mtu, wala hujaomba radhi.

Tuangalie njia ulizonazo. Umenitajia nne, nami nadhani zipo zaidi.

Unaweza kukataa kimyakimya, useme una kazi nyingi. Mikono yako itabaki safi. Lakini barua itaandikwa na mwingine, pengine kwa makosa ya kuchekesha yatakayomwokoa kijana, pengine bila makosa, na wewe utakuwa umesimama palepale ukitazama. Kuomba likizo siku hiyo ni njia hiyohiyo, tofauti ni kwamba utatazama kwenye kundi la WhatsApp.

Unaweza kumnong'oneza kijana. Utamwepusha na mshtuko, ila utakuwa umempa siri ya kubeba akiwa kwenye majaribio, na kazi ya kuigiza mshangao mbele ya kamera. Si kila mtu ni mwigizaji. Akiigiza vibaya, macho yote yatakuja kwako.

Kwa meneja ni njia nzito, na naelewa kwa nini unaikwepa. Lakini nikuulize kitu ambacho hukunieleza: ile saini ya meneja mwaka jana, mwenyewe aliijua? Kama alijua na alikubali, ni jambo moja. Kama hakujua, basi kuna mtu aliweka saini ya mkubwa wa kazi kwenye karatasi yenye nembo ya kampuni, na sehemu nyingi za kazi hazitauliza ilikuwa tarehe ngapi. Barua safari hii itakuwa kwenye kompyuta yako, kwa Kiswahili chako ambacho ofisi nzima inakifahamu. Sikutishi. Nataka tu ukiwa unapima, na hilo liwe kwenye mzani. Hata makampuni makubwa yameteleza hapa. Mwishoni mwa Machi 2021, tawi la Volkswagen la Marekani lilitoa taarifa rasmi kwamba linabadili jina na kuitwa Voltswagen, waandishi wa habari wakauliza wakahakikishiwa ni kweli, kisha ikaelezwa kuwa ulikuwa utani wa Aprili. Waandishi walioulizia na kudanganywa hawakucheka. Karatasi rasmi imetengenezwa ili iaminiwe. Ukiitumia kwa utani, anayeamini hajafanya ujinga wowote.

Njia nyingine ni kuwabadilishia mzaha. Wewe ndiye mwandishi, na mwandishi ana sauti. Uingereza wana kanuni ya zamani kwamba utani wa Aprili mosi unakoma saa sita mchana, na anayetania baada ya hapo yeye ndiye mjinga wa siku. Naipenda kwa sababu inamlazimisha mtaniaji kujua mzaha wake unaishia wapi kabla hajauanza. Unaweza kumwendea Kaka M na waraka wa ofisi nzima, wenye lugha ile nzito unayoimudu, kwamba viti vyote vimeomba likizo ya mwaka na vimekubaliwa, hivyo watumishi wasimame kwa utulivu hadi saa nne. Yeye naye awe ndani ya wanaopigwa. Mtacheka, mtakaa. Hatari yake ni kwamba utakuwa umemkinga kijana kwa werevu, na ofisi nzima itaendelea kuamini kwamba barua ya mwaka jana ilikuwa utani mtamu. Mwakani ataingia mgeni mwingine. Hilo unaweza kuliona linatosha, au halitoshi. Wewe ndiye unayekaa humo.

Halafu ipo njia ambayo hukuiandika kabisa, na kutokuwepo kwake ndiko kulikonishangaza: kumwambia Kaka M.

Nilihesabu anachokijua huyu bwana kuhusu siku ile. Anajua ulisoma, ukatoka, ukarudi, ukageuza, ukacheka. Anayo video. Simu yako kwenye ngazi haijui, kelele za mama yako hakuzisikia, mkopo haujui. Anapokwambia "unajua utamu wake" hakukejeli, anaamini. Umekuwa ukimwogopa mtu kwa jambo ambalo hajawahi kuambiwa, na wakati huohuo unamsifu kwamba hana kinyongo. Yote mawili yanaweza kuwa kweli, ila jiulize ni lipi ulilolishuhudia kwa macho yako.

Unasema alikubeba ukiwa msibani. Ni deni la heshima, silidharau. Ila sijui kama deni hilo linalipwa kwa kunyamaza. Mtu aliyebeba kazi zako ukiwa umefiwa, pengine angetaka kujua kwamba barua yake ilikufikisha kwa wakopeshaji. Au pengine hatataka, wapo watu wema wasioweza kusikia kwamba wameumiza. Atasema "mbona hukusema siku ileile?", na swali hilo litakuchoma kwa sababu ni la haki. Anaweza pia kusikitika kupita kiasi, akakimbilia kuwaeleza wenzake ili wakuombe radhi kwa pamoja, jambo ambalo nadhani ungelichukia kuliko video. Ukiamua kwenda, mwende wawili tu, mbali na kundi na mbali na simu, na umwambie mapema kwamba hili ni lenu. Huhitaji hotuba. "Kaka, ile barua nilimsomea mama kabla sijaigeuza." Nyamaza hapo, umwache aimalize mwenyewe kichwani.

Na zile aya mbili ulizoandika? Ulidhani nitakukemea. Mimi nimefurahi kwamba umeniambia na zaidi kwamba umesema zimetoka vizuri. Mwaka jana ulikuwa upande wa kuchukuliwa video. Mwaka huu umekaribishwa upande wa wanaoshika simu, na nani asiyetaka kuhama? Ni kukaribishwa nyumbani, kwa namna fulani. Kabla hujaifuta au kuiendeleza, isome tena ukiwa peke yako, jina la kijana likiwa juu pale. Tafuta sentensi unayoona umeipatia kuliko zote, ujiulize kwa nini ni nzuri. Utakachokiona nakuachia wewe.

Tumefika kwa mama.

Kuna msemo kwamba njia ya mwongo ni fupi. Sitaki kukutwanga nao, kwa sababu uongo huu hukuuanzisha. Ulirithi nusu yake ya pili ukiwa umesimama kwenye ngazi na simu sikioni. Lakini unautunza kila mwezi kwa hela usizonazo, na hapo si Kaka M tena.

Unadhani ukimwambia atavunjika. Inawezekana. Nikuulize tu: siku ile alifurahia cheo, au alifurahi kwamba mwanawe amepata alichokuwa anakililia? Kwa maelezo yako alikuwa anakuombea dua wewe. Na inawezekana kabisa kwamba ameshaanza kushangaa mbona mkuu wa kitengo anaongea kama mtu aliyechoka. Wazazi hunyamazia mengi wakidhani wanatulinda sisi, kama sisi tunavyonyamaza tukidhani tunawalinda wao.

Najua na njia unayoitamani, ingawa hukuiandika. Kusubiri upandishwe kweli, uongo ugeuke ukweli wenyewe, usiwe na la kueleza. Siilaumu. Nafasi ikifunguka mwezi ujao utakuwa umeponea. Lakini mwezi ujao hauko mikononi mwako, na mkopo haukusubiri. Halafu fikiria hili: siku meneja akikuita, akakupa barua ya kweli, ukaigeuza nyuma ukakuta nyeupe, utampigia nani? Mama ameshaifurahia tayari.

Kama utamwambia, huna lazima ya kumwambia yote kwa mkupuo. Wengine huanza na hela: "Mama, mwezi huu nitatuma kidogo, kuna jambo nataka tuongee." Wengine hupitia kwa mdogo, ingawa mdogo wako alikuwa pale anaitwa aje asikie, na huenda naye ana lake moyoni. Kisa kizima, cha bahasha, ngazi na "tafadhali geuza", kina uchungu lakini kina na uchekeshaji ndani yake, na simuoni mama aliyekuzaa ukiwa na ulimi huo asipocheka hata kidogo kabla ya kuanza kuuliza umekopa kwa nani. Wajomba ni shughuli nyingine. Hao mwachie mama, atajua namna.

Ukiamua hivyo, chagua siku ya Machi, au subiri Aprili ikolee. Google walipotangaza Gmail tarehe 1 Aprili 2004, wakasema kila mtu atapewa gigabaiti nzima ya nafasi bure wakati huduma nyingine zilikuwa zinatoa megabaiti chache tu, watu wengi waliona ni utani wa siku, na huduma ilikuwa ya kweli kabisa. Ukimpigia mama asubuhi hiyo ukamwambia cheo kilikuwa mzaha, atacheka sana, atakwambia amekushtukia, na itabidi uanze upya tarehe mbili.

Shangazi yako